Ukuta wa Paluku Katika Nyumba ya Nguzo Sita

Ninyi vijana mnaoshika mwiko Butembo siku hizi mna midomo. Nimewasikia. Mmoja wenu plasta yake ikipasuka, au kiraka chake kikionekana kutoka ng'ambo ya barabara, wenzake wanamzunguka kwa kicheko: "Umejenga ukuta wa Paluku!" Neno hilo nimelikuta Beni, nimelikuta Kayna, na siku moja nililikuta Mutwanga kwa kijana ambaye hajawahi kutia mguu Butembo. Nilimuuliza huyo Paluku ni nani. Akainua mabega. "Sijue, papa. Ni musemo ya bafundi tu, njo banasemaka."

Paluku hakuwa msemo. Alikuwa mtu mfupi mwenye viganja vipana, Mkatoliki wa kuamka kabla ya kengele, aliyeimba kwa sauti kubwa kanisani na hakuna aliyethubutu kumwambia kwamba anaimba vibaya. Ndiye aliyenifundisha kujenga. Mimi naitwa Katembo. Nimejenga miaka arobaini, sasa magoti yamekataa ngazi, na nina jambo la kuwaambia juu yake ambalo nilipaswa kulisema zamani. Haliwezi kusemwa bila kuitaja nyumba ya nguzo sita, kwa hiyo mnivumilie nikienda mbele na kurudi nyuma.

Wengi wenu mliijua nyumba ile katika siku zake za mwisho, ilipokuwa na kompyuta za kukodi upande mmoja na duka la vitenge upande wa pili, na Jumapili watu wa maombi wanaimba ndani ya ghala. Ilikaa katikati ya mji, imeangalia barabara kuu. Mbele ilikuwa na baraza refu lenye nguzo sita. Nyuma ya baraza maduka mawili, nyuma ya maduka ghala kubwa, na kando ya ghala ofisi ndogo yenye dirisha moja. Hiyo ofisi muikumbuke.

Aliyeijenga ni Mgiriki mmoja mfanyabiashara, enzi za Wabelgiji. Paluku alianza pale kwa kubeba matofali, akamaliza akiwa fundi. Alipenda kutusimulia habari ya nguzo ya sita. Kila jioni Mgiriki alikaa ng'ambo ya barabara na kikombe chake cha kahawa, anafumba jicho moja, anatazama. Nguzo tano zilikuwa sawa. Ya sita akasema imelala. Wakaibomoa, wakaijenga upya. Akatazama, imelala. Wakaibomoa tena. Mara ya tatu Paluku aliweka timazi, uzi ukasimama sawasawa na nguzo kuanzia juu hadi chini, na bado Mgiriki anatikisa kichwa. Basi Paluku akavuka barabara, akamwomba mzungu asimame, akainua kiti chake na kukisogeza hatua mbili mahali palipo tambarare. Mgiriki akakaa, akafumba jicho, akasema, "Voilà." Kiti ndicho kilichokuwa kimelala. Kabla hamjabomoa kazi ya mtu kwa sababu bosi amekunja uso, angalieni kwanza bosi amekaa wapi.

Kuta za nyumba ile zilikuwa nene, na unene wake ulitupa hadithi nyingi. Miaka ya kahawa, waasi wa kwanza, wale wa baada ya Uhuru, walipokuwa wameshapita zamani, nyumba ilikuwa ghala la kahawa. Akina mama walikaa chini kwenye mikeka wakichambua punje, nyeusi huku, nzuri huku, na vumbi la kahawa likipanda mpaka darini. Mkubwa wa kahawa alitaka kabati ndani ya ofisi. Seremala akaja, akapima nje, akapima ndani, akapima tena nje. Alitoka amekasirika. "Katembo, hii nyumba inakula mita! Nje biko vingine, ndani biko vingine." Nikamwambia Wazungu wa zamani walipenda kuta nene kwa sababu ya joto. Akanitazama. "Joto gani hapa Butembo?" Hakuwa mjinga yule seremala. Tulicheka, akakata mbao zake upya, na mimi sikulifikiria tena jambo lile.

Sasa niwaambie jinsi Paluku alivyofundisha, kwa sababu bila hilo hamtaelewa kosa langu.

Hakutumia mchanga wowote. Tulishuka mtoni Kimemi, tukachota, tukaosha, tukachunga. Alikuwa anatia mchanga kinywani. Ukisikia udongo kwenye meno, rudisha. Ninyi mnanunua mchanga kwa lori na hamjui hata umetoka wapi, halafu ukuta ukimenyeka mnalaumu saruji. Tofali la kuchoma alilipiga kwa kifundo cha kidole na kulisikiliza. Linalolia vizuri linapanda ukutani, lililo bubu linakwenda kwenye msingi wa choo. Na juu ya plasta alikuwa na sheria moja tu, aliyoirudia mpaka tukaichoka: "Hapana kupaka nusu. Ukigusa ukuta moja, upake chumba muzima." Kiraka kipya, alisema, kinamwita kila anayepita. Lakini chumba kikipakwa chote, kikakaushwa kwa jiko la makaa, babula, kisha kikafukizwa moshi wa majani mabichi ya mkaratusi na kusuguliwa majivu, jicho halina pa kushika. Mpya na kuukuu vinakuwa kitu kimoja.

Alikuwa pia na desturi aliyoirithi kwa fundi aliyemfundisha yeye. Mwanafunzi akiiva, mwalimu anamchinjia kuku, anamwita mke wa mwanafunzi ashuhudie, na anamkabidhi mwiko. Tangu siku ile mwalimu hamkagui tena. Haingii chumba ambacho mwanafunzi wake amesema amekimaliza, mpaka mwenye nyumba aingie kwanza. Kuingia ni kumtukana, ni kama kumnyang'anya mwiko mbele ya mkewe. Mwiko wangu niliupata mwezi mmoja tu kabla ya waasi. Mke wangu Kavira alipiga vigelegele mpaka jirani wakadhani tumepata mapacha.

Uhuru ulipofika, Mgiriki alikaa kidogo, akaona mambo yanachemka, akaondoka. Nyumba akamwachia Papa Saidi, Mwislamu wa Beni, msafirishaji aliyekuwa na lori moja, camion iliyokwenda na kurudi kati ya Beni na kwetu. Saidi hakuwa na maneno mengi, ila alikuwa na akili ya mahali. Alitazama lile baraza refu, akawaweka pale mafundi nguo kumi na wawili, kila mmoja na mashine yake ya kushonea aliyoipata kwa jasho la miaka. Mji mzima ulishona pale: sare za shule, mashati ya Krismasi, kanzu za Idi. Ukipita asubuhi ulisikia mashine zote pamoja, na ukipita ukasikia kimya ulijua kuna msiba. Saidi na Paluku walipatana mno. Mmoja anafunga, mwingine anakula nyama ya nguruwe, na mchana wanakaa ngazi moja wakibishana juu ya bei ya mabati.

Kisha waasi wa kwanza wakaanza kushuka kutoka kaskazini. Habari zilitangulia: wamechukua hiki, wameua yule. Siku moja asubuhi camion ya Saidi ilisimama mbele ya baraza ikiwa na tope hadi madirishani, na mke wake na watoto wamekaa juu ya mizigo. Hamisi, mwanawe, alikuwa mdogo wa kubebwa mgongoni.

"Paluku, ndugu yangu, biko njiani," Saidi akasema. "Miye naenda na batoto Mutwanga, kisha tutavuka Uganda. Lakini hizi mashini hapana kuziacha hapa inje. Njo maisha ya hawa batu."

"Enda na Mungu," Paluku akajibu. "Ukuta ni kazi yangu."

Akaniita kando. Mashine sita, akasema, nizifungie mwisho wa ghala: nijenge ukuta wa uongo mbele ya ukuta wa kweli, kutoka pembe hadi pembe, ghala lionekane fupi kidogo tu. Nyingine sita zitakwenda na camion. Yeye mwenyewe atakaa ofisini, kuna kazi ndogo ya kuimarisha dirisha. Mafundi nguo wakabeba mashine ndani, sita ghalani, sita wakaziacha ofisini zingoje kupakiwa, kila mtu akakimbilia kwake. Mimi nikashuka Kimemi kuchota mchanga. Niliporudi camion ilikuwa imeshaondoka.

Nilijenga siku ile yote, na Paluku ofisini nilimsikia akijenga na kuimba vibaya. Kesho yake nikapiga plasta. Ukuta wangu wa uongo ulitoka vizuri, naapa. Lakini mchanga uliochungwa ukaisha, na kuta tatu za ghala zilikuwa bado. Kushuka tena mtoni, kuosha, kuchunga, kupanda na mzigo, ni siku nyingine nzima, na watu walikuwa wanapita barabarani na magodoro kichwani wakielekea kusini. Kavira alikuwa ametangulia kwa mama yake Kayna. Nilikuwa na miaka ishirini na kitu, na nilikuwa naogopa. Nikaosha mwiko, kuta tatu nikaziacha, na babula sikuiwasha.

Paluku alitoka ofisini, ndevu zimejaa chokaa, macho mekundu kwa moshi. Alikuwa amepaka chumba kizima, kuta zote nne, na amefukiza mpaka ofisi ilinuka mkaratusi hadi barabarani. Nikawaza moyoni: mzee huyu, kwa sababu ya dirisha moja? Akasimama mlangoni pa ghala, amenipa mgongo, hakuangalia ndani.

"Umemaliza chumba muzima?"

"Ndiyo, Papa Paluku."

"Na babula umewasha?"

"Nimewasha."

Hakuingia. Angeingia angeona. Alinipa mwiko mbele ya mke wangu, kwa hiyo hakuingia. Akafunga mlango wa ghala kwa ufunguo, akautia mfukoni.

Kufika jioni barabara ya kusini ilikuwa imefungwa, sikuweza tena kwenda Kayna. Tulikaa barazani, yeye na mimi, walinzi wa nyumba tupu, siku tatu. Kila siku nilijiambia nimwambie. Mchanga upo mtoni, makaa yapo, muda upo. Na kila siku niliona haya. Vijana, haya hiyo ndiyo iliyoua. Haikuwa uvivu wala woga, maana siku tatu zilitosha kwa vyote viwili kupoa.

Waliingia mjini mchana wa siku ya nne. Mkubwa wao alikuwa kijana mwenye kofia ya manyoya na sauti iliyokauka. Alijua kwamba nyumba ile ilikuwa na mashine; mtu alikuwa amemwambia. Paluku akafungua ghala bila kubishana. Mwanga ukaingia, na hata mimi nikiwa nyuma ya watu wote niliona. Kuta tatu za kijivu, kavu, zenye vumbi la miaka. Ukuta wa nne mweusi kwa maji, umeloa kama mgongo wa ng'ombe aliyenyeshewa. Huku kwetu baridi haikaushi plasta kwa siku nne, na mlango ulikuwa umefungwa. Paluku naye alikuwa anauona kwa mara ya kwanza. Sikumwona uso. Niliona mabega yake yakishuka kidogo, kisha yakapanda tena.

Yule mkubwa akapitisha kiganja ukutani. Akakitazama, akakipangusa kwenye shati la Paluku.

"Oyo nini? Nani amejenga hii?"

Mikono yangu ilikuwa na chokaa chini ya kucha. Nikaificha mgongoni. Nilifungua kinywa, na sitawadanganya kwamba nilitaka kusema kweli. Sijui nilitaka kusema nini.

"Ni miye," Paluku akasema. "Huyu ni wa kubeba tofali tu."

Walivunja ukuta wangu kwa mateke na vitako vya bunduki. Hata haukuhitaji nyundo. Mashine sita zikaonekana, na wale vijana wakacheka mpaka wakashikana. Mkubwa wao akamzunguka Paluku taratibu. "Weye njo fundi mukubwa ya Butembo? Basi hii muji italala mu mvua!" Mmoja wao alikuwa ameanza kugonga ukuta wa ofisi kwa kitako cha bunduki. Mkubwa akamwita arudi. "Wacha. Muzee mwenye kujenga hivi, hayiko na akili ya kuficha mara mbili."

Wakampakiza Paluku kwenye gari pamoja na mashine, akawajengee huko Beni, walisema kwa kucheka. Alikuwa na timazi shingoni kama kawaida yake. Akaivua, akanitupia. "Peleka kwa Mama Masika," akasema. Huyo ni mkewe. Kisha akaongeza, kwa sauti ya mtu anayeagiza kazi ya kesho: "Bureau iko sawa. Hapana kuigusa."

Nilidhani ni kiburi cha mzee juu ya dirisha lake la ofisini. Hakurudi. Vita viliisha, watu walirudi kutoka porini, wengine walisema walimwona Beni, wengine walisema aliishia njiani. Mama Masika aliweka sahani yake mezani miaka miwili, kisha akaacha. Saidi naye alikufa kwa homa huko Uganda kabla ya kurudi, akiacha wanawe wadogo.

Wale mafundi nguo kumi na wawili hawakuwa na mashine hata moja. Sita zilichukuliwa na waasi. Sita nyingine, walisema, Saidi alikwenda kuziuza Uganda. Watatu waliacha ushonaji wakarudi mashambani, mmoja alikuwa anashona kwa mkono, sindano na uzi, mpaka macho yakaharibika. Uchungu wao ukatafuta mahali pa kukaa. Saidi wakamwita mwizi. Paluku wakamgeuza kicheko: fundi aliyeficha mali nyuma ya ukuta unaolia machozi. Siku ya kwanza mtu aliposema "huo ni ukuta wa Paluku" mbele yangu, kwenye kazi, juu ya kiraka cha mtu mwingine, watu wote walicheka.

Na mimi nilicheka.

Tangu pale msemo ukatembea wenyewe. Paluku aliacha binti mmoja, Kahindo. Watoto wenzake walimwimbia maneno hayo kisimani. Alipokuwa mkubwa, akiulizwa ni binti wa nani, alitaja jina la mama yake. Nilimwona sokoni akiuza kabichi, nikanunua kuliko nilivyohitaji, nikamsalimu, nikapita. Nimekula kabichi nyingi maishani mwangu.

Nyumba ya nguzo sita iliendelea kubadilisha nguo. Baada ya kahawa ilifungwa, popo wakakaa. Hamisi wa Saidi alipokua alirudi na karatasi za baba yake, akaifungua duka. Kisha wakaja waasi wa pili, wale wa miaka ya karibu mnaowakumbuka, wakamwondoa, wakafanya ofisi kuwa makao yao na ghala kuwa mahabusu. Waliniita mimi niyazibe madirisha ya ghala. Sikuweza kukataa. Lakini kwenye mistari ya juu nililaza matofali kwa mshazari, nikaacha mianya ambayo mvua haiwezi kuingia lakini pumzi inaweza. Niliwaambia ukuta usiopumua unaanguka. Uongo mtupu, na wakauamini. Mwalimu mmoja wa shule aliyefungwa mle alinisimamisha barabarani miaka baadaye. "Tulikuwa tunapokezana kusimama chini ya yale matundu," akasema. "Wasingya, papa." Alikuwa ananishukuru kwa lugha yetu. Nilikuwa nafikiria ukuta mwingine wa ghala lile lile.

Mkubwa wa hao waasi wa pili alitaka kutundika ramani ofisini. Alipinda misumari mitatu. Akaniita kwa hasira: "Hii ukuta iko ya nini, ya chuma?" Nikasema ni kazi ya fundi wa zamani. Sikumtaja jina.

Kisha amani yetu hii ya vipande vipande ikaja, na kompyuta, na maombi, na mwisho Hamisi, mwenye mvi sasa, akaamua kubomoa na kupandisha ghorofa nne. Aliniomba nikae pale kwenye kiti, niwaonyeshe vijana matofali gani ya kuokoa, kwa sababu tofali la Mgiriki halipatikani tena. Nilikaa ng'ambo ya barabara, mahali tambarare. Nguzo zilianguka moja moja. Ghala likaenda. Siku ya tatu kijana mmoja, Mumbere, akanipigia kelele kutoka ofisini.

"Papa Katembo! Hii ukuta inalia butupu!"

"Ni nene tu," nikasema. "Piga."

Akapiga, na tofali halikuanguka nje. Lilianguka ndani.

Nilivuka barabara bila fimbo. Nyuma ya ukuta wa ofisi kulikuwa na nafasi ya mkono mmoja, kutoka pembe hadi pembe. Chini kulikuwa na mbao, na juu ya mbao, zimefungwa kwa turubai, mashine za kushonea sita. Zilikuwa zimepakwa mafuta ya mawese, yamekauka yakawa kama nta. Kila moja ilikuwa na kipande cha kitambaa chenye jina la mwenyewe, limeshonwa kwa uzi mwekundu. Hamisi akaketi chini kwenye kifusi. Alikuwa amekua akisikia baba yake alikula mashine za watu. "Hakuziuza," akasema. Akasema hivyo mara nyingi, mimi nikiwa nimesimama na kushika ukuta.

Seremala aliupima ule ukuta, waasi wa mara zote mbili walisimama mbele yake, wa kwanza wakagonga na wa pili wakapiga misumari. Akina mama wa kahawa waliuegemea. Mimi, mwanafunzi wake, niliishi nao miaka yote hiyo, nikaambiwa na mita kwamba haupo sawa, na sikuuona. Mwalimu alinificha hata mimi, kwa sababu anayejua hupigwa mpaka aseme. Na alipouona ukuta wangu umeloa, akaelewa mara moja kwamba kuna njia moja tu ya kuwafanya wasigonge ofisini: wamdharau. Akauchukua ubaya wangu akauvaa. Sijui kilichotangulia moyoni mwake, mimi au mashine. Nadhani ni mimi, na hilo ndilo linaloniuma zaidi.

Kesho yake asubuhi nilikwenda nyumbani kwa Kahindo. Nilimkuta anafunga kabichi kwa ajili ya soko. Nikamwambia yote, kama nilivyomwambia Hamisi jana yake, tangu mchanga mpaka kucha zangu. Hakulia. Alifunga fundo, akalifungua, akalifunga tena.

"Papa Katembo. Miaka yote hii ulikuwa unajua?"

"Ndiyo. Unisamehe, binti yangu."

"Miye hapana kutaka pole yako." Akasimama. "Unionyeshe kwanza."

Tukaenda. Mumbere na wenzake wakaweka nyundo chini. Nusu ya ukuta ilikuwa bado imesimama. Nilikuwa nimeileta timazi ya baba yake. Mama Masika alinirudishia zamani, akisema fundi anaihitaji kuliko mjane. Nikampa Kahindo. Akaishikilia juu, tukangoja uzi utulie. Ulitulia sambamba na ukuta, toka juu hadi chini, hata unywele usingepita. Akaweka kiganja chake pale.

"Ulituambia Hamisi na miye," akasema mwishoni. "Basi tuko batu babili. Ile musemo iko kwa bafundi bote. Enda useme kwao, mbele ya batu, na jina yako."

Nimesema. Ukuta ule wa ghala uliotoa maji, ule mlioucheka zaidi ya miaka arobaini, niliupiga plasta mimi, Katembo, nikadanganya kwamba nimemaliza chumba kizima. Wa Paluku ni ule mwingine, na hakuna hata mmoja wenu aliyeuona.